Mama wa Kilwa Amekuja Kuchukua Zawadi Yake

Kama wiki iliyopita gazeti lako lilifungiwa vitumbua kabla hujalisoma, nikuambie haraka nilipofikia kuharibika.

Mimi ni Rodrigue Kapya, miaka arobaini na saba, mkurugenzi wa biashara wa kiwanda cha limonadi ya Povu, hapa Lubumbashi. Directeur commercial. Niliwasimulia jinsi nilivyobuni shindano la kapsule. Unafungua chupa, unasoma ndani ya kifuniko. Zawadi ya tatu, pikipiki. Ya pili, congélateur, lile friji kubwa la kugandishia nyama na samaki. Ya kwanza, na ilikuwa moja tu kwa jimbo zima, chakula cha jioni pamoja nami kwenye restora moja ya mtaa wa matajiri, Golf.

Ndiyo, pamoja nami. Niliamini kwa moyo wote kwamba mtu wa nchi hii hatamani kitu kuliko kula huku akinitazama.

Lakini kapsule ni ndogo. "Umeshinda chakula na Directeur Commercial" haikuingia. Maneno yakapunguzwa, na kapsule ya zawadi ya kwanza ikatoka kiwandani imeandikwa: UMESHINDA DIRECTEUR COMMERCIAL.

Nikamwambia patron, mwenye kiwanda, kwamba kosa ni la Guelor, fundi wetu wa michoro. Ijumaa, Guelor akafukuzwa. Tuliachana hapo.

Jumatatu saa tatu asubuhi simu ya mapokezi ikalia.

"Directeur," alisema Virginie, mama wetu wa mapokezi, "kuko mama moja hapa. Anasema anakuya kukuchukua."

"Kunipeleka wapi?"

"Kilwa."

"Kilwa ya ziwani? Kwa mkutano?"

Virginie akaziba simu, akauliza, akarudi.

"Hapana, Directeur. Kwake."

Akaingia mama wa miaka hamsini na kitu, pagne mbili mpya, kikapu cha samaki wakavu kichwani. Hakukitua mpaka alipokuwa amenitazama kuanzia viatu hadi kipara.

"Njo yeye?" akamuuliza Virginie, yaani, ndiye huyu?

"Njo yeye, mama."

"Kwa foto ya matangazo alikuwa mukubwa."

Akafungua fundo la kitambaa chake, akatoa kapsule, akaiweka mezani kwangu. Niliisoma. Hata herufi zilikuwa nzuri. Guelor anajua kazi.

"Miye ni Émerance," alisema. "Nauzisha samaki. Bwana yangu alikufa, sasa miaka ine. Weye unajua kufanya nini?"

Katika miaka kumi na moja ya ukurugenzi hakuna aliyewahi kuniuliza hivyo.

"Ninaongoza," nilisema.

"Unaongoza nini?"

"Watu."

"Niko na bantu munane kwa kazi ya samaki. Banajiongoza beko benyewe."

Akakaa bila kukaribishwa. Uso wake ulikuwa wa mtu aliyeenda sokoni kununua mbuzi akarudi na mwavuli.

"Mi nilikuwa nalomba congélateur," alisema. "Nilikunywa Povu kasiya tatu za chupa, na sukari siipendi. Nilifunga siku mbili, nikalomba Mungu. Congélateur, Baba, congélateur. Anasikia vibaya, ananipa directeur." Akainua macho. "Munaweza kunibadirishia?"

Nakiri, hapo niliumia. Sikutaka kwenda Kilwa hata kidogo. Lakini nilitamani mama huyu angalau asikitike kidogo kabla ya kunibadilisha na friji.

"Twende kwa patron," nilisema.

Patron wetu, Papa Floribert Musavuli, ni mtu wa Butembo. Alianza na biashara ya chumvi ya jumla, akapata lori, halafu malori, halafu kiwanda. Ni shemasi kanisani kwake. Alivaa miwani, akasoma kapsule, akaigeuza, akasoma hata upande usio na maandishi.

"Inaandikwa directeur," alisema.

"Patron, ni chakula. Chakula pamoja na directeur."

"Chakula iko wapi hapa?"

"Basi twende Golf sasa hivi! Mama, nitakulisha samaki, kuku, unachotaka—"

"Nilikula tayari," alisema Mama Émerance. "Nilikula bukari kwa dada yangu, kule Ruashi."

"Basi tumpe congélateur. Tumpe hata mbili!"

Patron akafungua droo, akatoa kanuni za shindano, akalowesha kidole.

"Article saba. 'Zawadi haibadirishwe na kampuni kwa zawadi ingine, wala kwa pesa, wala kwa machozi.' Hii ni nani aliandika?"

Niliandika mimi. "Wala kwa machozi" niliongeza mwenyewe, nikacheka peke yangu ofisini.

"Rodrigue," patron alisema, na sauti yake ilikuwa ya upole, jambo lililonitisha zaidi. "Mi nilitoka Butembo na magunia kumi ya chumvi na neno yangu. Chumvi ilikwisha. Neno ikabakia. Tukikatala kapsule moja, bantu batasema kapsule yote ni bongo, ni uongo."

"Patron, mimi ni mtu!"

"Najua. Njo maana utaikala mbele ndani ya lori na chauffeur, hapana nyuma na chupa."

"Kwa muda gani?"

Akaitazama kapsule tena, kwa haki kabisa, akiisogeza karibu na dirisha.

"Haisemi."

Nyumbani, mke wangu Delphine alinisikiliza mpaka mwisho. Halafu akaketi. Halafu akalala kwenye kochi akijifunika uso kwa mto. Nilidhani amezimia. Alikuwa anacheka.

"Mama Graciella, mimi ninachukuliwa!"

"Nasikia, Papa Graciella. Na mwenye kukuchukua iko wapi?"

"Nje, kwenye gari la kampuni."

"Unaacha mugeni pa jua?"

Akamwingiza. Akamwekea chai na mikate. Binti yetu Graciella, ambaye ana miaka kumi na sita na huruma ya mamba, akasimama mlangoni akituchukua video. Wanawake wawili wakaanza kuongea juu yangu kama watu wanaokabidhiana nyumba ya kupanga.

"Anakoroma," Delphine alisema, "lakini ukimugeuza kwa kushoto, ananyamaza."

"Anakula nini?"

"Byote. Ila mboga ya sombe ya jana, hapana. Na iko na tension ya damu. Kidonge kimoja kila asubuhi. Akikatala, umuambie ni vitamine."

Kwa miaka mitano nilikuwa namwambia daktari kwamba situmii dawa yoyote, ni vitamini tu.

"Na kazi ya nyumba, anasaidia?"

Delphine akafikiri. Aliniangalia kwa upendo, nadhani.

"Anaonyeshaka bengine kazi."

Asubuhi ya Jumanne alinifungia sanduku, akanisindikiza mpaka getini. Hapo aliacha kucheka. Akaninyooshea kola ya shati.

"Rodrigue." Jina langu hulitaja tu mambo yakiwa makubwa. "Ile kapsule. Ni kweli, ni Guelor mwenye alikosa?"

"Ni Guelor."

"Muke yake alipita hapa jana, na ule mutoto muchanga ku mugongo. Nilifikiri anakuya kulomba kitu. Alinisalimia tu, akaenda."

Akaiachia kola yangu. Nilipanda gari nikiwa nimenyooka shati, na ndani nimejikunja.

Lori la Povu linaloelekea Kilwa huendeshwa na Jérémie, mtu mzima mwenye maneno machache. Hati yake ya mzigo ilisema: Povu ya chungwa, kasiya mia mbili. Povu ya nanasi, kasiya arobaini. Directeur, moja.

"Jérémie, ilibidi waniandike?"

"Directeur, kisichoandikwa kikipotea, mi njo nalipa."

Mama Émerance alikaa katikati yetu, kikapu magotini. Barabara ya kwenda Kasomeno ilikuwa nzuri kwa muda wa wimbo mmoja hivi. Halafu ikawa ile mnayoijua.

Kwenye kamba moja iliyofungwa barabarani, mbele ya Kasomeno, bwana mmoja mwenye daftari alisoma hati yetu kwa kidole. Kidole kikasimama.

"Hii directeur iko wapi?"

"Huyu hapa," Jérémie alisema.

"Ni muntu ao ni muzigo? Kama ni muntu, alete carte. Kama ni muzigo, ashuke tumupime."

Kitambulisho changu kilikuwa ndani ya sanduku, na sanduku lilikuwa chini ya kasiya mia mbili na arobaini. Nikapimwa. Walikuwa na mizani ya mahindi, ile ya kusimama. Wauzaji wa barabarani walikuja kuangalia, mmoja akiwa na ndizi mdomoni.

"Kilo tisini na sita," bwana wa daftari alisema.

"Basi foto haikudanganya," Mama Émerance alisema, akaonekana kufarijika kidogo.

"Na anaenda kufanya nini Kilwa?"

Sote tukamgeukia Mama Émerance. Hata mimi nilitaka kujua. Tangu Jumatatu sikuwa nimethubutu kuuliza.

"Ningali nafikiri," alisema.

Bwana aliandika katika daftari lake, akisoma kwa sauti: "Muzigo. Mwenye kusema." Akachukua chupa mbili za nanasi, akateremsha kamba.

Jumatano saa sita mchana lori likavunjika springi. Jérémie akaingia chini yake na nyundo. Tukabaki mimi na Mama Émerance kwenye kivuli cha lori. Akanimegea kipande cha samaki mkavu. Nilikila. Kilikuwa kitamu kuliko chochote nilichokula Golf mwaka ule, lakini sikumwambia.

"Directeur," alisema, "ule mwenye aliandika kapsule yangu, ni nani?"

"Anaitwa Guelor."

"Beko banamulipa muzuri?"

"Alifukuzwa."

Akaacha kutafuna.

"Juu ya kapsule yangu?"

Nilitaka kusema ndiyo, kosa ni lake. Lakini kuna joto, kuna vumbi, kuna samaki wa mtu mdomoni mwako, na mtu mwenyewe anakutazama. Nikamwambia kile ambacho hata ninyi wasomaji niliwaficha wiki iliyopita.

Siku ile nilikuwa kwa kinyozi. Guelor akapiga simu: "Directeur, maneno hayaingie." Nikamwambia: "Toa mengine." Akauliza: "Nitoe gani?" Nikamwambia: "Guelor, hata hilo nikufundishe? Toa ya katikati." Maneno ya katikati yalikuwa "chakula na". Akanitumia picha kwenye simu, niangalie kabla hawajachapa. Sikuifungua. Nilimjibu kwa kidole gumba.

"Kidole?" Mama Émerance aliuliza.

"Ile alama ya simu. Ya kusema sawa."

"Na kidole ile njo ilitosha muntu ku kazi, ikamufukuza."

Niliokota jani, nikafuta vumbi la kiatu.

"Muke yake?"

"Amezaa mwezi huu."

Akajifuta mikono kwa nyasi, taratibu, kidole kimoja kimoja.

"Kule juu ya kichuguu kuko reseau ya telefone," alisema. "Panda, umupigie."

Ninyi mnajua vichuguu vya Katanga, vya urefu wa nyumba. Nilipanda kimoja na viatu vyangu vya ngozi, nikishika majani, nikiteleza. Juu kabisa simu ikapata mistari miwili. Nikampigia Guelor. Moyo ulinipiga kama siku ile nilipoenda kumposa Delphine kwa baba yake, mzee wa reli, aliyeniuliza maswali huku akinoa panga.

"Allô, Directeur!" Guelor alisema. Sauti ilikuwa na furaha, na hilo lilinishangaza.

"Guelor, nisikilize. Nitampigia patron. Nitamwambia ukweli. Kosa la kapsule lilikuwa langu, si lako."

Nikasikia mlango unafungwa upande wake.

"Guelor?"

"Directeur," alisema kwa sauti ndogo, "nakulomba, usifanye vile."

"Kwa nini?"

"Hamujasikia? Povu imekwisha mu Lubumbashi! Graciella yenu alitia ile video ku telefone, mama wa Kilwa anauliza munakula nini. Inchi nzima inacheka. Bantu banafungua chupa usiku na muchana, kila muntu anatafuta directeur yake. Mitaa ya Kenya, Katuba, Ruashi, hakuna hata kasiya moja. Patron alinirudisha jana. Anasema ile kapsule ni idea ya akili sana. Ananipatia biro."

"Ofisi gani?"

Alikohoa kwanza.

"Yenu, Directeur. Lakini foto yenu ingali ku ukuta. Sijaitosha."

Nilikata. Nikampigia patron palepale, kichuguuni, siafu wakianza kunijua.

"Patron, ile kapsule ni mimi! Ni mimi niliyemwambia Guelor atoe maneno! Ninaapa!"

"Rodrigue," patron alisema, na nilisikia anavua miwani. "Ijumaa ilikuwa kosa, ukasema ni ya Guelor. Leo ni faida, unasema ni yako. Muogope Mungu."

Akakata.

Niliteremka kwa matako. Suruali ikachanika. Nilimwambia Mama Émerance yote, neno kwa neno. Nilikuwa nimesema ukweli kwa mara ya kwanza tangu shindano lianze, na ukweli wenyewe ulikuwa umenigeuza mwizi.

Hakucheka.

"Kweli iko kama samaki," alisema. "Siku ya kwanza unaiuzisha vizuri. Siku ya tatu bantu banaziba pua."

Halafu akachukua simu yake, akapanda kile kichuguu kwa hatua nne kama ngazi za nyumbani kwake, akaongea kwa Kibemba muda mrefu. Mimi watu wetu ni wa Kabalo, Kibemba sikisikii. Nilisikia tu "directeur", halafu kicheko, halafu "congélateur".

Alhamisi asubuhi tukaingia Kilwa. Ziwa lilikuwa pale, mitumbwi ilikuwa pale, na watu walikuwa pale, wengi, wamevaa za Jumapili. Waliposhangilia niliinua mkono. Kumbe walikuwa wanashangilia Povu. Walikuwa wamekaa wiki mbili bila kinywaji.

Mzee mmoja mrefu, koti la bluu lisilo na kifungo hata kimoja, akatoka mbele ya watu. Nyuma yake wanaume wanne walikuwa wamebeba congélateur nyeupe, mpya, bado na karatasi yetu: ZAWADI YA PILI.

"Directeur," Mama Émerance alisema, "huyu ni Papa Musonda. Alishinda congélateur mwezi uliopita. Kwake hakuna courant. Anawekaka ndani madaftari ya watoto, panya zisikule."

"Na kwako?"

"Kwangu bwana yangu aliniachia groupe, mashini ya umeme. Inasukuma courant, lakini sina kitu cha kugandishia."

Nilianza kuelewa.

"Mama, Article saba inasema zawadi haibadilishwi!"

"Na kampuni," alisema. "Patron wako alisoma: na kampuni. Mi na Papa Musonda hatuko kampuni."

Hata hilo niliandika mimi.

Papa Musonda akanizunguka mara moja. Hakunigusa. Aliangalia suruali iliyochanika, akaangalia viatu, akaangalia kipara.

"Anajua kusoma?" aliuliza.

"Mimi ni directeur!" nilisema.

"Njo vile nauliza. Ule wa mbele, wa kabla yako, pia alikuwa directeur."

Akapokea kapsule yangu. Mama Émerance akapokea congélateur yake, akaikumbatia, na machozi yakamtoka. Kisha akanigeukia, akanishika mkono kwa mikono yake miwili.

"Haukuwa mubaya," alisema. "Lakini nilikuwa nalomba hii."

Na hivyo nikabadilishwa na friji, mbele ya watu, kwa makofi.

Njiani Papa Musonda alinieleza akitembea haraka, mimi nikimkimbilia. Ana shule ya msingi, shule yake mwenyewe, aliyoijenga kwa faida ya mitumbwi. Watoto mia mbili na kumi na wawili. Directeur wake alikimbia mwezi wa kumi. Alikimbia na kengele. Sasa wanapiga rimu ya gari. Na siku ile ile, saa nne, inspecteur, mkaguzi wa shule, alikuwa anakuja, siku ya mwisho ya kupokea orodha ya watoto wa darasa la sita wanaoenda kwenye mtihani wa taifa.

"Orodha bila directeur, haipokelewe," alisema. "Batoto makumi tatu na moja. Banapoteza mwaka."

"Papa Musonda, mimi ni wa biashara. Mimi nauza limonadi!"

"Directeur ni directeur."

"Siyo! Ni vitu tofauti kabisa!"

Akasimama. Kwa mara ya kwanza aliniangalia usoni, na niliona macho ya mtu ambaye hajalala wiki nzima.

"Papa," alisema, "nilitosha congélateur yangu, nikupate."

Inspecteur alifika kwa pikipiki, vumbi mpaka kwenye nyusi. Hakuwa mtu mbaya, nilivyoona. Alikuwa mtu aliyechoka kufunga shule.

"Njo directeur?" aliuliza.

"Njo yeye," Papa Musonda alisema. "Anatoka Lubumbashi."

"Iko na papier?"

Papa Musonda akatoa kapsule. Inspecteur akaisoma ndani ya kiganja chake. Akaisoma tena.

"Directeur... commercial?"

"Ni shule ya privé," Papa Musonda alisema.

Inspecteur aliangalia ziwa kwa muda. Nilidhani ataondoka. Badala yake akanipa orodha na kalamu. Na hapa, wasomaji, nilifanya kitu ambacho sijawahi kufanya katika kazi yangu yote. Niliisoma. Majina yote thelathini na moja, tarehe za kuzaliwa, majina ya wazazi. Palepale nikaona msichana mmoja, Plamedie, ameandikwa amezaliwa mwaka ambao ungemfanya awe na miaka mitatu. Nikaonyesha. Inspecteur akainama, akakubali, akasahihisha.

"Ule wa mbele hangeona hii," alisema, akiniangalia upya. "Bon. Sitaki kufunga shule. Lakini directeur wa siku moja, mi nilishaona wengi. Banasaini, kesho beko ndani ya camion ya kurudi. Kama huyu ni wa kuikala, napokea orodha. Kama ni wa kupita, nafunga leo. Twende kwa darasa."

Darasa la sita lilikuwa na kuta za mbao, madirisha bila vioo. Tulipoingia watoto thelathini na mmoja walisimama kwa pamoja.

"Bonjour, Monsieur le Directeur!"

Nimeitwa directeur miaka kumi na moja. Hakuna aliyewahi kusimama.

Inspecteur akaketi nyuma, orodha kwenye paja. Papa Musonda akabaki mlangoni akikunja ukingo wa koti lake. Mimi nilisimama mbele, suruali imechanika nyuma, nikaomba Mungu nisigeukie ubao.

"Muko na swali kwa directeur?" inspecteur aliuliza.

Mkono mmoja ukainuka. Alikuwa Plamedie, yule wa miaka mitatu. Alikuwa na kama kumi na miwili.

Kabla sijamwambia aseme, honi ikalia nje, na kichwa cha Jérémie kikatokea dirishani.

"Directeur," alisema, akidhani ananong'ona, "nimeshusha byote. Mama iko na congélateur yake. Hakuna mwenye anakuchunga tena. Panda, twende."

Darasa zima lilisikia. Inspecteur alisikia. Papa Musonda aliacha kukunja koti.

Niliutazama mlango, niliutazama uso wa Jérémie, nikawaza kitanda changu, Delphine, Graciella, ofisi yenye picha yangu ukutani na mtu mwingine kwenye kiti. Hatua saba hivi mpaka dirishani. Nilizihesabu.

Mkono wa Plamedie ulikuwa bado juu.

"Sema," nilimwambia.

"Monsieur le Directeur, ule mwenye alikuwa hapa alienda hatukumuimbia. Sasa tulijifunza nyimbo mbili, ya kupokea na ya kuaga, juu tusikose tena." Akageuka akalitazama dirisha, akanitazama mimi. "Tuimbe ile gani?"